Waliopita Bila Shikamoo

Mtunzi wa muziki wa filamu kutoka Sweden alifika Mnyambe, kijijini kwetu huko Newala, kwa sababu ya shangazi yake, ambaye ujanani aliuguza wagonjwa huku kwetu, na aliporudi kwao hakuacha kusimulia nyimbo za wanawake wanaotwanga. Mimi nilikuwa mwalimu wa Kiingereza Masasi. Niliombwa nimkalimanie, na kwa kuwa nilitaka sifa, nikampeleka moja kwa moja kwa mama yangu.

Mgeni alikuwa mzee mrefu, mpole, mtu wa kusikiliza hata mlango ukifungwa. Tulipokuwa tunapanda kwenda Newala alinieleza kazi yake. Alianza kwa kupiga kinanda kanisani kwao. Sasa huletewa filamu iliyokwisha kupangwa picha zake, akakaa nayo miezi, akipima kwa sekunde wapi muziki uingie na wapi unyamaze. Kunyamaza, alisema, ndiko kunakomsumbua. Filamu aliyokuwa nayo safari hiyo ilihusu bibi mmoja wa kwao aliyebaki peke yake kijijini baada ya watoto wote kuhamia mjini. Nilisikitika sana, kana kwamba mambo hayo hutokea Sweden tu.

Mama alimpenda. Alimchemshia ming'oko, vile viazi vyetu vya porini, akamcheka alivyohangaika kuimenya, akamwita "mwanangu" ingawa umri wao ulikaribiana. Kisha akamimina makopa ya muhogo kwenye kinu, akaanza kutwanga huku akiimba. Mgeni akavaa hedifoni, akafumba macho.

Sasa, nyumba yetu iko kando ya njia ya bombani, na kwetu mtu hapiti nyumba ya mtu mzima bila kumwamkia.

"Shikamoo, bibi!"

Mama akasimamisha mchi. "Marahaba, baba. Mkeo kaamkaje? Na ule mguu?"

Wimbo ukakatika. Wakaanza upya. Akapita mama mwingine na ndoo kichwani, shikamoo, marahaba, habari za mbuzi aliyepotea. Wakaanza tena. Nilimwomba mama awe anaitikia baadaye, wimbo ukiisha. Alinitazama kama mtu aliyetukanwa.

"Mtu ananiamkia, nimwache hivihivi? Wewe umesomea wapi?"

Mgeni hakukasirika hata kidogo. Alisema tuwaache watu wapite, siku bado ndefu. Aliyekasirika ni mimi. Niliona haya, nikaona mama ananiaibisha kwa ushamba wake mbele ya mtu wa maana. Nikatoka, nikaenda kusimama njiani, nikawa namzuia kila anayekuja na kumwomba apite kimya, asimwamkie. Walishangaa, lakini mwalimu akishasema, nani abishe? Wakapita wameinamisha vichwa kama wapitao penye msiba.

Rekodi ikatoka safi. Tulipokuwa tunaaga, mgeni aliniuliza zile zilizokatwakatwa na salamu afanyeje nazo. Nikamwambia afute, hazina kitu. Akasita. Akaniambia mama yake mwenyewe alifariki yeye akiwa na chumba kizima cha vinasa sauti, na hakuwahi kumrekodi hata akiita watu waje kula.

"Una hakika?" akaniuliza.

Nikasema nina hakika. Nilikuwa nawahi gari la kurudi Masasi.

Filamu ilipotoka alinitumia. Sauti ya mama imo mara mbili, chini ya fidla, yule bibi wa Kizungu akiondoa theluji mlangoni kwake. Nilimpelekea mama aitazame kwenye simu. Wimbo hakuujali sana. Alisema tu kwamba yule bibi anaonekana hana jirani.

Mama alifariki msimu wa korosho uliopita. Baada ya arobaini nilimwandikia yule mtunzi. Sikuwa nataka wimbo, wimbo ninao. Nilitaka marahaba. Nilitaka kumsikia akiuliza habari za mguu wa mtu. Alijibu siku hiyohiyo, akanipa pole ndefu, kisha akasema kwamba alifanya kama nilivyomwagiza. Alifuta zote, akabakiza ile safi. Lakini ile anayo nzima, tangu alipowasha chombo mpaka alipozima, kwa kuwa yeye hana desturi ya kukata mwisho wa rekodi. Alikuwa ameiambatanisha.

Nilikaa nayo wiki nzima bila kuifungua. Nilijichukia, sina neno lingine. Mwishowe nikaenda Mnyambe, nikaketi barazani kwa mama mchana, kinu kimelazwa pembeni, nikaiwasha.

Mama anatwanga, anaimba, na hakuna anayemkatiza. Katikati zinasikika ndara za watu njiani, zinakaribia, zinapita, zinapotea. Wimbo unaisha. Mchi unawekwa chini, mama anahema, kisha kimya kirefu ambacho filamu haina. Nilidhani imekwisha, nikataka kuzima. Ndipo akasema, taratibu, kama mtu anayeomba ruhusa nyumbani kwake mwenyewe:

"Haya, sasa wanaweza kuniamkia?"

Hakuna anayemjibu. Mgeni hakujua Kiswahili, na mimi nilikuwa bado njiani, nawazuia watu.