Mfupa Usio na Jina

Juzi alasiri, kwenye lango la kiwanda kimoja cha kusaga mawe karibu na Kakontwe, niliona kibao kipya: DÉTECTION AUTOMATIQUE. Nikamuuliza mlinzi maana yake.

"Papa, mashini inajua yenyewe nani anaficha chuma," akanijibu. "Hakuna muntu anashitaki muntu."

Nikaona ni jambo jema. Mashine haina ndugu wala kinyongo.

Wafanyakazi wakaanza kutoka, wakipita kwenye mashine mmoja mmoja. Mzee mmoja anayechechemea alipopita, mashine ikalia. Bila kuambiwa, akachomoa kwapani picha ya mifupa iliyopigwa hospitalini, akaiinua juani: mguu, na ndani yake skrubu tano. Kumbe hutembea nayo kila siku.

Mlinzi, mgeni kazini, akaigeuza mbele na nyuma.

"Hii mufupa haina na jina. Inaweza kuwa ya kila muntu. Toa patalo."

Mzee akavua suruali. Wenzake wakajifanya wanafunga kamba za viatu. Kovu lilipanda kutoka kwenye kifundo hadi gotini. Mlinzi akaligusa kwa kidole, kama anayepima joto la pasi, akasema, "Pita."

Mzee akafunga mkanda polepole.

"Ile siku jiwe ilinivunja humu ndani," akasema, "hakuna mashini ililia."