Sauti ya Hemalata

Kwa miaka mingi, Hemalata alipofungua mdomo kwenye filamu, sauti iliyotoka ilikuwa ya Vilasini. Hemalata alikuwa mwigizaji aliyependwa katika jimbo zima la Kerala, kule India. Vilasini alikuwa mke wa fundi baiskeli pale mjini Thrissur. Alipanda treni hadi mji wa Kochi, akaingia studio, akamtilia Hemalata sauti ya kilio na ya kicheko, kisha akarudi nyumbani kupara samaki.

"Uzuri wake siutaki," alimwambia mdogo wake, Thankam. "Lakini watu wakiisifu ile sauti wakidhani ni yake, moyo unaniwaka."

Wakaja waongozaji vijana. Hawakutaka tena majumba ya kitajiri na machozi ya ndoo nzima. Walitaka watu wanaoongea kama sokoni, na sauti inaswe palepale wanapoigiza. Hemalata akaambiwa aseme mwenyewe.

Vilasini alifurahi, maana alilijua lile koo: kavu, linakwaruza kama sufuria. Filamu ilipotoka tu, akamkokota Thankam kwenda sinema.

"Leo utacheka mpaka mbavu zikuume."

Hakuna aliyecheka. Hemalata alicheza mjane anayegombania kisima na shemeji zake. Sauti ilikwaruza kweli, ikakatika katikati ya maneno, na watu wakainamia mbele wamsikie.

"Dada," Thankam alinong'ona akifuta macho, "leo ndiyo anaongea. Zamani alikuwa kasuku."

"Kasuku nilikuwa mimi, mjinga wee!"

Vilasini akatoka, akamwacha humo ndani.

Wiki ile Hemalata alimpigia Vilasini simu. "Dada, umeniona? Kila neno nilijiuliza wewe ungelisemaje."

"Sijapata nafasi. Nina wageni."

"Ukiiona uniambie. Ninayemwogopa ni wewe tu."

Laiti angemtukana! Wema ule ulimchoma zaidi, kwa sababu ulimnyima haki ya kumchukia.

Kazi za studio zikapungua, akabaki na matangazo ya redio, ya mbolea na sabuni. Lakini ile filamu aliirudia peke yake, tena na tena, akitafuta mahali ambapo yeye angefanya vizuri zaidi. Mwishowe akapaona: pale mjane anapomwita mwanawe ng'ambo ya mto.

"Pale ningemshinda," alimwambia Thankam.

"Pale, ndiyo, dada. Kabisa."

Thankam alikubali haraka mno, kama anayebembeleza mtoto, na hilo nalo likamuuma Vilasini.