Shimo la Choo na Watu Wasio na Kivuli

Watoto wengine walitishwa na fisi. Mimi nililazwa na watu wa chini. Mama alinieleza kwamba chini ya mawe ya volkano, pale pale tulipotandika mkeka wetu, kuna mji usiojua giza. Watu wake hawana kivuli, kwa hiyo hutembea wakigusana mabega wasije wakapotezana. Hawali ugali, hula harufu yake. Ndiyo maana sufuria yetu ikitokota, sharti kifuniko kifunuliwe kidogo, nao wapate fungu lao. Mtoto wa huko huzaliwa mzee, akapungua taratibu mpaka anaenea kiganjani. Na moto wetu ukifikishwa kwao huzimika, kama mshumaa unavyokosa maana kwenye jua.

Baba alikuwa huko. Ndilo pekee nililolijua juu yake nikiwa mtoto. Siku volkano ilipofika mtaani alikuwa ameshatutoa, kisha akarudi kuchukua cherehani yake, na mawe yakafunika nyumba, cherehani na yeye. Yalipopoa, Mama akajenga nyumba ya mbao juu yake, kiwanja kile kile. Majirani walisema ana kichwa kigumu. Nami nimekirithi.

Mwaka jana choo chetu kilijaa, nikamleta mchimbaji kutoka mtaa wa Katoyi. Hapa Goma kuchimba choo si kuchimba, ni kupigana. Unachoma matairi juu ya jiwe, unalimwagia maji lipasuke, ndipo unalitwanga kwa nyundo, na jioni umepata shimo la kukalisha bakuli. Tulikula moshi siku nyingi. Halafu asubuhi moja nyundo ikapenya, ikaponyoka, ikaenda zake, na chini tukasikia ikigonga kitu kilicholia kama bati.

Mama akatoka jikoni na mwiko mkononi.

Mchimbaji akafanya wanavyofanya wote: akawasha koroboi, akaiteremsha kwa kamba. Haikufika mbali, ikazimika. Akaivuta, akaiwasha, ikazimika tena. Akarudi nyuma amefunika pua.

"Mama, kule iko mazuku," akasema. Ndiyo hewa ile mbaya inayolala mashimoni, isiyo na rangi, na aliyeinama kuifuata hainuki.

Mama alikuwa anatabasamu. "Imezimika," akasema. "Mutanishusha na kamba."

Kila mtu mjini anajua koroboi ikizimika unakimbia. Nyumbani kwetu tu ndiko ilikozimika ikawa karibisho.

Toka hapo sikutulia. Biashara ya vitenge niliiacha. Nilifunika shimo kwa mabati na mawe, na nikirudi kutoka kuchota maji nakuta jiwe limesogezwa. Nilikula nimesimama. Nilimfuata Mama uani, nikamfuata kwa jirani, nikamfuata mpaka kanisani nikakaa nyuma yake, macho kwenye shingo yake, sala hata moja sikuisikia. Nilimweleza habari za gesi kwa kufoka. Alinisikiliza kama mtu anavyosikiliza redio ya jirani.

Mwishowe nikamjia kwa hadithi yake mwenyewe. "Mama, batu ba chini habapokei mutu mwenye habajamwita. Ni weye ulisema. Bamekuita?"

Akaweka chini kisu alichokuwa akimenyea viazi. Akanitazama, akaanza kucheka, na kicheko kikageuka njiani.

"Ile nilikutungia, mutoto wangu. Ulikuwa unalia sana, unauliza papa iko wapi. Ningekuambia nini? Kule hakuna batu. Na mazuku naijua kukupita, ilikula dada yangu."

Nilikasirika mpaka machozi yakanitoka. "Sasa ulitaka kushuka kufanya nini?"

"Kumutafuta. Hata mufupa moja. Wengine bako na kaburi, banaweka maua. Miye niko na sakafu."

"Ungekufa!"

"Ningekufa, ndiyo. Nimechoka kupikia juu yake."

"Na mimi, Mama? Ungeniachia nini? Sakafu mbili?"

Alichukua kiazi, akakimenya, akaendelea kukimenya hata pasipokuwa na ganda tena.

"Basi," akasema, "leta simenti."

Choo hatukukimaliza. Mchimbaji aliziba mdomo wa shimo kwa saruji, majirani wakaja na viti vyao, tukaimba kama watu wanavyoimba mazikoni. Mama alitupa konzi ya udongo aliouagiza Kalengera, kwao Baba. Ulikuja kwa pikipiki, ndani ya gunia, maana kiwanja chetu chote ni mawe na hakuna hata wa kumfukia kuku.

Watu walipoondoka, tulikaa kando ya saruji mbichi. Mama aliniegemea begani, mzito kwa uchovu.

"Sasa nielezee," akasema.

"Nini?"

"Kule chini. Iko namna gani?"

Nikamwambia kuko mwanga kila upande. Nikamwambia Baba anayo cherehani yake, anawashonea nguo wale watu wasio na kivuli, nao wanamsumbua kwa vipimo, maana kila siku wanapungua. Nikamwambia ameketi sasa hivi, amenyanyua pua, anangoja.

Mama akainuka, akaingia jikoni, akafunua kifuniko kidogo.