Maji ya Tatu

Kwa miaka kumi na tisa Dhafir aliwapiga picha na kuwarekodi maiti wa Najaf: majeneza yaliyofungwa juu ya paa za magari, makaburi yaliyobanana, na zaidi ya yote chumba cha kuoshea cha Abu Sabri, mwosha maiti. Humo aliruhusiwa kwa sharti moja, nyuso zisionekane. Abu Sabri alimzoea, na kila alipoingia alimtania, "Mwosha huoshwa. Mpiga picha je, atapigwa na nani?"

Baba yake Dhafir, Mzee Chasib, fundi viatu, hakuipenda kazi hiyo wala hakuikataza. Aliomba jambo moja tu, tena mara mbili, akiwa na akili zake timamu: siku yake ikifika, aoshwe kwa mikono ya mwanawe. Dhafir aliapa.

Siku ikafika, asubuhi ya baridi kali. Dhafir akaingia na kamera.

"Leo iache mlangoni, mwanangu," Abu Sabri alimwambia.

"Kidogo tu, ami. Maji ya kwanza, ya mkunazi, nirekodi; ya pili, ya kafuri, nirekodi. Maji ya tatu, yale matupu, nitammwagia mimi."

Mwosha akamtazama, akachota. Maji yakapita kichwani, ubavu wa kulia, kisha wa kushoto. Mwanga wa dirishani ulikuwa mzuri ajabu. Dhafir alijichukia kwa kuuona, na hakuacha kuuona. Kwenye maji ya kafuri mvuke ulipanda, lenzi ikajaa ukungu. Akatoka nje uani, akaifuta kwa ncha ya shati, akaijaribu juani, akaifuta tena.

Aliporudi, Abu Sabri alikuwa akimkausha marehemu.

"Ami, si ungeningoja?"

"Maiti hangojeshwi, wajua hilo kuliko mimi. Nimekuita mara mbili."

Dhafir alikuwa amesikia. Mara zote mbili aliitika, "Naja," akaendelea kufuta.

"Basi shika sanda upande huo," Abu Sabri akasema.

Dhafir akatafuta pa kuiweka kamera. Sakafu yote ilikuwa maji. Hadi alipopata msumari wa kuitundika, binamu zake waliokuja kusaidia walikwisha kuifunga sanda.

Filamu ilipoonyeshwa Beirut, watu walilia. Mama mmoja aliyevaa nyeusi akasimama kuuliza ile mikono iliyomwosha mzee, yenye upole ule, ni ya nani.



"Ni yangu," Dhafir akasema.