Bibi Asiyepakwa Poda

Dada yangu aliingia kwenye filamu kwa kupaka watu damu. Warembo walikuwa na wapambaji wao. Yeye aliachiwa majeruhi, walevi na maiti. Akasifika. Maiti wake walikufa kweli kweli, hata mwongozaji mmoja akawa hataki kula karibu nao. Nyumbani tulimwita Brashi, kwa mapenzi, na kwa sababu hakuna aliyeamini kuwa ile ni kazi.

Mama hasa ndiye aliyegoma kuamini, na yeye si mtu wa kumpaka mwenzake mafuta kwa mgongo wa chupa. Alisema waziwazi kwamba mpambaji ni anayepamba, na wanaopambwa ni maharusi. Mpangaji wa chumba cha mbele alipohama, akakataa kupangisha tena. Humo, akatangaza, Brashi atafungua saluni. Brashi mwenyewe alikuwa akija kwa nadra, usingizi umemjaa machoni, akila huku amesimama na simu sikioni.

Wakabishana mpaka nikachoka kuwa refa. Mwisho Brashi akaweka dau. Alikuwa amepata tamthilia kubwa ya runinga. Mama aitazame, na akiiona kazi ya binti yake, habari za saluni ziishe. Asipoiona, Brashi ataacha filamu na kurudi nyumbani.

"Chema chajiuza, mama," alisema.

Hapo akawa amejitia kitanzi mwenyewe. Kazi aliyopewa ilikuwa kumgeuza msichana mbichi kuwa bibi kizee, na kazi ya namna hiyo ikionekana, basi imeharibika. Mtu mwingine angeligundua hilo kabla ya kuahidi. Lakini wapambaji huangalia uso kwa karibu mno.

Kabla hawajaanza kurekodi alikuja akashinda nyumbani kutwa nzima. Akamkalisha mama dirishani, akamtazama, akamgusa pembe za macho, akamwomba ageuke, akampiga picha. Mama alifurahi mpaka chai yake ikapoa. Jioni aliniambia, "Leo mwanangu ameniangalia." Nilijua anaangaliwa kwa ajili ya nini, nikaenda kumpashia chai.

Huko kazini Brashi alimvuta yule msichana ngozi ya uso, akampaka utomvu wa mpira, akaukausha kwa mashine ya nywele, kisha akaiachia ngozi ijikunje yenyewe. Kunyanzi kwa kunyanzi, uso wa mama ukatokea.

Siku tamthilia ilipoonyeshwa, mama alivaa miwani na kukaa wima kama hakimu. Akasifu midomo ya mwigizaji mkuu. Brashi akasema si yake. Akasifu nyusi za bibi harusi. Nazo si zake. Ndipo akatokea yule bibi kizee, ameketi peke yake, anatazama mlango. Mama akaisogelea runinga.

"Huyu mmemwonea," akasema. "Wenzake wote mmewapamba, yeye hata poda hamkumpaka."

Brashi alicheka kwa furaha. Sifa kama hiyo hakuwahi kuipata popote, na nilimwona akijiweka sawa ili aeleze, ashinde dau lake. Mama alikuwa hajamaliza.

"Tena huyo haigizi. Huyo ana mtoto ambaye haji kumwona. Uso huo naujua, mwanangu."

Brashi akaiacha runinga, akamtazama mama. Nilitaka kumsemea mimi, maana roho iliniuma: miaka yote ile, na ushindi uko mlangoni. Akanikanyaga mguu. Tukatazama mpaka majina yakapita, na la kwake likapita pia, dogo, upesi, mama akiwa anafuta miwani.

"Umeshinda, mama," Brashi akasema. "Sikuonekana. Nitafungua saluni."

Nilimngojea mama ashangilie, aanze kuwataja maharusi aliokwisha kuwaahidi. Hakumtaja hata mmoja.

"Kwa hiyo," akauliza taratibu, "utakuwa unalala hapa hapa?"