Mifupa ya Tasi

Leo asubuhi nimeoneshwa tasi pale sokoni Feri, nikamrudishia muuzaji papo hapo. "Mama, freshi hao!" Freshi nini, na samaki mwenyewe hajazi hata kiganja! Nimeondoka na hasira, na wala si kwa ajili yake yeye.

Wewe uliyekulia Kariakoo utanielewa. Tasi wa utotoni mwangu, kwetu Mchafukoge, alijaza sahani. Bibi alikuwa akiwakaanga barazani kila alasiri, na harufu ya ndimu na kitunguu saumu iliwatoa watu madukani. Kuwasafisha ilikuwa kazi yangu. Kwanza mkasi, kukata miba, maana hata akishakufa miba yake ina sumu. Ikikuchoma utalia mpaka kidole kichovywe maji ya moto. Kisha tumbo, limejaa majani ya baharini, kijani kibichi. "Huyu mbuzi," bibi alikuwa akisema, "kutwa anakula majani." Mwisho uti wa mgongo. Ukiukuta umevunjika na damu imevilia tumboni, jua samaki huyo kauawa kwa baruti. Hapo bibi hakuwa na mjadala: wapewe paka.

Macho yake yalipoingia ukungu, akawa ananiuliza tu, "Mifupa mizima?"

"Mizima, bibi." Basi, anakaanga.

Ndipo mjomba wangu, mwanawe, mvuvi, alipoanza kutuletea tasi wengi ajabu. Wa kwanza tu nilipompasua, uti vipande vipande. Mjomba akachutama karibu yangu. "Mama haoni, na wewe hujaona. Sawa?" Idi ile alininunulia viatu vyekundu vya kung'aa. Nikaendelea kusema, "Mizima, bibi," kila alasiri. Sikutishwa na mtu. Nilivipenda viatu.

Siku moja mwalimu wetu wa madrasa, mteja wa siku zote, alimfunua samaki wake, akauinua uti, ukamkatikia mkononi. "Bi mkubwa, siku hizi unatulisha baruti?" Bibi akanigeukia. "Mifupa mizima?" Sikujibu. Akateremsha karai, akanawa mikono, na hakukaanga tena samaki wa kuuza mpaka anaingia kaburini. Wala hakunichapa. Heri angenichapa!

Mjomba aliendelea kulipua, yeye na wenzake. Tasi hukulia kwenye majani ya maji mafupi, na baruti haichagui, inaua mkubwa na vitoto vyake pamoja. Watu wakilalamika kwamba samaki wamekwisha, wakiwalaani wavuvi, mimi hunyamaza. Kunyamaza nimekuzoea.

Bibi alikuja kupofuka kabisa. Tulikuwa tukila sahani moja, mimi na yeye, mkekani. Siku ya samaki alinyoosha shingo mlangoni, akamwita mtoto wa jirani, kitoto cha miaka sita: "Njoo, mwanangu, unitolee miba." Na mimi nimekaa hapo hapo ubavuni pake, nimeshanawa.