Salamu Niliyoiacha Msituni

Hiki ninachokueleza hakikumpata rafiki wa rafiki yangu. Kilinipata mimi mwenyewe, masika haya yaliyopita, njia ya Shume, na mke wangu ni shahidi. Ukitaka kucheka, cheka sasa, maana mbele huko sitakuwa na moyo wa kukungoja umalize.

Mimi ni mkulima wa karoti na kabichi, ila nina ugonjwa mmoja: napenda kutunga. Jioni nikishakula nachukua simu, narekodi hadithi za nchi inayoitwa Nelu, nawarushia watu kwenye magrupu. Nchi hiyo haipo popote. Niliitoa kichwani mwangu, na watu wake niliwatungia lugha yao, Kinelu. Wasikilizaji walikipenda kupita kiasi. Ungepita sokoni Lushoto ungesikia vijana wa kupakia mboga wanataniana kwa Kinelu, nami kichwa kinavimba.

Nelu niliipa na desturi. Sisi Washambaa unatujua kwa salamu, mtu hakupiti hivi hivi kama mbuzi. Mimi nikaongeza chumvi: Mnelu akiwa safarini akamsalimu mtu, hatui mzigo, haketi, hapigi hatua, wala hatikisiki mpaka aitikiwe. Salamu yao ni "Thali orume", yaani nimefika ulipo. Jibu lake ni "Orume enna", pumzisha miguu. Niliona ni jambo tamu, basi. Sikufikiri kwamba linaweza kumtesa mtu.

Asubuhi ya siku hiyo nilianza kurekodi kipande cha kuwafundisha wasikilizaji salamu hiyo. Nikamweka mwanamke njiani, mzigo wa kuni kichwani, mtoto mchanga mgongoni, nikamfanya asalimu. Hapo hapo simu ikaisha chaji. Nikasema nitamalizia jioni, nikaenda shamba. Na unielewe vizuri: kipande hicho sikumtumia mtu yeyote, hata mke wangu hakukisikia.

Alasiri nikirudi, ndani ya msitu wa misonobari, ukungu ukashuka mzito mpaka njia ikawa ya kukisia. Nikamwona mwanamke amesimama. Kuni kichwani, mtoto mgongoni. Nikadhani ni jirani, nikafungua mdomo nimsalimu, akaniwahi yeye.

"Thali orume."

Niamini, ni salamu ile ile ya asubuhi. Uso wake ulikuwa wa kawaida kabisa, uso wa mama aliyechoka, kanga imelowa. Ungekuwa wewe ungefanya nini? Tangu utotoni tumefundishwa kwamba ukiitwa msituni na usiyemjua, usiitike, atakuchukua. Nikafuata hilo. Nikasoma Ayatul Kursi kimoyomoyo, nikauma midomo. Akarudia salamu, taratibu, kwa adabu, akidhani hajasikika. Mtoto akaanza kulia. Mama hakumbembeleza, hakutikisa hata bega, kwa sababu mimi ndiye niliyeweka sheria ile. Macho tu ndiyo yaliyokuwa yananiomba. Na duniani kote ni mimi peke yangu niliyelijua jibu lake.

Nikaingia vichakani, nikampita kwa mbali, nikakimbia. Kilio cha mtoto kilinisindikiza mpaka barabarani.

Nyumbani mke wangu alinisikiliza mpaka mwisho. Hakuogopa, alikasirika.

"Yaani mtu amekusalimu, baba Sauda, ana mtoto mgongoni, ukakaa kimya?"

"Yule si mtu."

"Kama si mtu, ndiyo adabu zako zimekwisha? Umemtengeneza mwenyewe halafu unamkimbia. Twende."

Mvua ilikuwa imeanza kumwagika. Nikamwambia tungoje kukuche. Ningeweza hata kuchaji simu nikamalizia kile kipande, maneno mawili tu, pengine angetua mzigo huko aliko. Simu ilikuwa mezani. Niliogopa kuigusa, nikavuta blanketi nikalala. Mpaka leo naionea aibu ile simu.

Baada ya swala ya alfajiri tulikwenda wote wawili. Ukungu ulikuwa bado. Pale njiani tulikuta nyayo mbili, zimezama kwenye tope kina cha vifundo vya miguu, na hakuna nyayo za kuondoka. Mtu hatukumwona. Nikasimama mbele ya zile nyayo, nikasema kwa sauti, "Orume enna."

Tukasikia kuni zinatua. Mzigo mzima, pu, karibu na miguu yetu, na chini hapakuwa na kitu. Nikamshukuru Mungu, nikadhani yamekwisha. Kisha tukasikia mbeleko inafunguliwa, mtu anaketi. Halafu yule mama akaanza kulia. Tukangoja tusikie na sauti ya mtoto. Haikuja. Mke wangu alikuwa amenishika mkono, akauachia.

Tuliweka matanga. Majirani walikuja na unga na maharage kama inavyotakiwa, mke wangu akawaambia tu kwamba kuna mtoto amefariki safarini. Wakati wa dua, mzee wa msikiti akaniuliza jina la marehemu. Watu wote wakanigeukia. Jina sikuwa nalo. Nilimweka mgongoni mwa mama yake ili hadithi ipendeze, hata jina sikumpa.

Hadithi zote nimezifuta. Wa kwenye magrupu wakiniuliza kulikoni, nawajibu mmoja mmoja kwamba basi, imetosha. Ukungu ukishuka Shume yule mama namsikia akilia, na mke wangu, tukiwa pamoja, ananiangalia usoni tu kisha anatangulia mbele.

Nawe unayetunga, ukimweka mtu njiani, mfikishe. Na ukisalimiwa mahali usipopategemea, itikia kwanza, uogope baadaye. Mimi nilisema tungoje kukuche, na mtoto wa watu hakuweza kungoja.